Aliyeitikia Simu Saa Tatu, Timboroa

Nilitoka Eldoret Jumanne moja asubuhi nikiwa na barua ya kumfukuza mtu kazi. Ilikuwa imeshaandikwa na kupigwa muhuri. Ilibaki saini moja tu, ya Mzee Gathogo, mlinzi wa stesheni ndogo ya stima iliyo kando ya msitu, juu ya Timboroa. Ilisema anakubali kwamba alichezea mitambo, na kwamba mwisho wa mwezi ataacha kazi pamoja na kibanda alimolala miaka tisa. Mimi nilitumwa kuipeleka, kushuhudia akitia saini, na kuirudisha.

"Na ukiwa huko," injinia wetu aliniambia, "chungulia mitambo kidogo, ili tuseme tuliangalia."

Ile "ili tuseme" ilinikwama kooni kama mwiba wa samaki. Lakini niseme ukweli mapema: barua niliichukua, na sikubishana.

Naitwa Kibet, fundi wa mawasiliano katika kampuni moja ya kandarasi hapa mjini. Watu wakisikia mawasiliano hudhani natengeneza simu za mkononi. Jirani yangu huniletea yake kila ikizima. Acha nieleze mara moja tu. Laini kubwa ya stima ina stesheni kila mwisho, na katika kila stesheni kuna kisanduku kinachoilinda. Waya ukikatika ukaanguka, kisanduku kilicho karibu hukata stima upande wake na papo hapo humpigia mwenzake kelele: kata na wewe! Ile kelele ndiyo kazi yangu. Ikifika, waya ulio chini unakuwa chuma baridi. Isipofika, upande wa pili unaendelea kuumwagia stima mpaka ushtuke wenyewe, umechelewa, na aliye karibu na huo waya, hiyo ni shauri yake na Mungu wake.

Wiki tatu kabla ya safari hii waya ulianguka katika shamba la viazi la Mama Nyokabi, chini kidogo ya stesheni ya Timboroa. Timboroa ilikata, ikapiga kelele. Eldoret haikusikia, ikaendelea kumwaga. Ng'ombe wawili walikufa. Tulipofungua kumbukumbu za mitambo kwenye kompyuta, mawasiliano yalionekana mazima usiku na mchana kwa miezi, hakuna hata kasoro moja. Basi wakubwa wakajumlisha yao: kama njia ilikuwa nzima, hapo kuna mkono wa mtu, na Timboroa kuna mtu mmoja tu. Tena watu wa huko walikuwa wameshaanza kusema kwamba yule mzee huongea na marehemu katika chumba cha mitambo. Mtu akishaitwa mwehu, kumtwika kosa ni kazi rahisi.

Marehemu mwenyewe walimtaja kwa jina. Walisema ni Kiptoo. Kiptoo ndiye aliyenifundisha kazi.

Saa kumi na mbili na nusu, nyumbani, mtaa wa Pioneer. Boda boda zilikuwa zimeshajipanga kwenye kona zikingoja watu wa mjini. Mke wangu Jepkorir alinipa flaski ya chai, akasimama akiniangalia nikizungusha ufunguo wa pikapu kidoleni.

"Unaenda Timboroa ama unaenda matanga?"

"Naenda kazi."

"Kazi gani inanunisha hivyo? Na si ni wewe ulikuwa huko mara ya mwisho?"

"Mimi na Kiptoo."

"Kiptoo alikuwa hapa Eldoret, Kibet. Huko ulikuwa peke yako."

Nikamwambia aniachie njia, chai itapoa. "Chai ya flaski itapoa vipi?" alisema akicheka, lakini mimi nilikuwa nimeshawasha gari. Ukweli ukisemwa na mke asubuhi mapema haufai kusikilizwa.

Cheptiret nilipita jua likiwa limetoka vizuri, mahindi yamesimama pande zote mbili, na mawazo yangu yote kwa Kiptoo, kwa maana barabara hii ndiye aliyenionyesha. Alikuwa mtu wa sauti nzito, ya taratibu, na mwenye masharti kuliko kanisa. Sharti la kwanza: ukipewa ujumbe kwa simu ya kazi, urudie neno kwa neno. "Usipourudia, hukuupokea," alikuwa akisema. Ukimwambia "nimefungua swichi", naye hujibu "nimefungua swichi". Mgeni akisikia angedhani tunadhihakiana. Lakini ukimdanganya, hakurudia. Siku moja nilimwambia nimekaza skrubu zote. Kimya. Nikasema tena. Kimya. Nikaenda nikaikaza ile moja niliyoiacha, nikarudi nikasema, ndipo akarudia. Alijuaje? Sijui mpaka leo, na sikuwahi kuuliza.

Sharti la pili lilikuwa la kitambaa. Ukiweka kitu cha muda ndani ya mitambo, hata kiwe kidogo namna gani, funga kitambaa chekundu kwenye ufunguo wa gari lako. Huwezi kuondoka bila kushika ufunguo, na ukiushika utakumbuka kurudi ukitoe. Mwanzoni tulimcheka. Baadaye kila fundi wa ofisi yetu akawa anatembea na kipande chake mfukoni. Na si vitambaa tu tulivyomwiga. Mimi nilimwiga hata sauti bila kujua, watu wakipiga simu ofisini waliniamkia, "Shikamoo, fundi Kiptoo."

Siku ya mwisho wake, miezi kadhaa kabla ya safari hii, nilikuwa Timboroa, yeye akiwa Eldoret. Tulikuwa tukipima njia kwa simu ya stesheni, ile ya ukutani inayopita katika mitambo yetu wenyewe. Nikasema, "Timboroa hapa, stesheni salama." Akaanza kurudia: "Timboroa hapa, stesheni..." Akaishia hapo. Niliita na kuita. Nikadhani njia imekatika, nikapima upande wangu haraka haraka, nikauona mzima. Basi tatizo liko kwake. Nikakimbia mpaka lami, hata pikapu nikaisahau, nikasimamisha gari la wenzetu waliokuwa wakirudi mjini, na tulipofika Eldoret walikuwa wameshamfunika shuka. Moyo, walisema. Pikapu yangu ilifuatwa kesho yake na dereva mwingine. Mimi sikurudi Timboroa tena mpaka Jumanne hii ninayoisimulia.

Burnt Forest nilisimama nikanunua mkate wa kumpelekea Mzee Gathogo, kisha nikaona aibu. Unampelekeaje mtu mkate na barua ya kumfukuza katika mfuko mmoja? Nilipotoka pale ukungu ulikuwa umeanza. Mwanzoni ulikuwa juu ya miti, halafu ukashuka. Nguzo zetu za stima, ambazo huwa nazihesabu nikiendesha ili nisisinzie, zikaanza kupotea moja moja. Nikawa naona nyaya zinaingia ndani ya weupe na sioni zimeshikwa na nini. Redio ya gari ikaanza kukwaruza. Nikaizima, na kimya kikawa kibaya zaidi, nikaiwasha tena.

Saa mbili na robo, shamba la Mama Nyokabi. Unaacha lami ya Nakuru, unapanda njia ya matope kati ya miti ya misaiprasi, na shamba liko mkono wa kushoto. Mama mwenyewe alitokea kwenye ukungu ghafla, ana kofia ya sufu na jembe, nikashtuka nikakanyaga breki.

"Wewe ni wa stima?"

"Ndio, Mama. Habari ya asubuhi?"

"Si mzuri. Kuja uone."

Nikamfuata. Viazi vilikuwa kijani kote, ila katikati palipita mstari mweusi uliopindapinda kutoka ua mpaka ua, na ndani yake hakukuota hata gugu.

"Ilianguka hapa," alisema. "Nikasikia pu! Nikasema hii imekufa. Halafu ikaanza kuimba."

"Kuimba?"

"Kuimba, ndio. Sauti nyembamba, kama mtoto akiwa na homa. Ng'ombe zangu zikaenda kuangalia. Nikakimbia kuzifukuza. Huyo mzee wa stesheni alikuwa amekuja kuchukua maziwa, akanishika leso kwa nyuma, akanivuta mpaka tukaanguka wote kwa matope. Nikamtukana, woi! Nilimtukana maneno hata siwezi kurudia. Na ni yeye amefanya mimi niko hapa nakuongelesha." Akaegemea jembe. "Sasa nasikia mnamfukuza."

"Nani amekuambia?"

"Barua ya kufukuza mtu hutangulia mwenye kuibeba. Mwambie huyo mkubwa wenu aje asikie penye waya iliimbia."

Nilimuaga Mama, nikarudi kwa gari, na barua ilikuwa inanichoma kwenye mfuko wa koti.

Saa mbili na nusu, stesheni. Ni ua wa seng'enge, transfoma mbili, jengo la mawe la chumba kimoja, na kibanda cha mlinzi. Ukungu ulikuwa mzito hata vyuma vya juu havionekani. Ulisikia tu ule muungurumo wa transfoma, unatoka kila upande kwa pamoja. Mzee Gathogo alinifungulia lango akiwa na koti refu na gambuti, akaniangalia kwa muda.

"Kibet. Umekonda."

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba. Karibu chai. Barua utanipa baadaye, haina haraka."

Tukakaa kibandani, tukanywa chai na ule mkate. Humo mna kitanda kimoja, jiko, picha ya marehemu mkewe na kalenda ya kanisa. Alikuwa ameshaanza kupanga vitu vyake kwenye gunia. Nikamwambia moja kwa moja, maana nilishindwa kuzunguka: "Mzee, wanasema unaongea na Kiptoo."

"Si kila siku saa tatu?" alijibu, bila hata kuficha. "Yeye ndiye aliniweka hiyo kazi. Hapa simu ya mkononi haishiki. Akaniambia, Gathogo, kila saa tatu inua ile simu ya ukutani, sema stesheni iko salama, mimi nitarudia. Nikafanya hivyo miaka tisa. Alipokufa nikasema sitaacha, labda mtu mwingine atashika. Siku ya kwanza baada ya mazishi nikainua." Akashusha kikombe. "Akarudia."

"Nani?"

"Yeye."

Nikasema Mzee, hiyo haiwezekani. Akaangalia saa yake, akainuka, akachukua funguo.

"Kuja."

Saa tatu kasoro kidogo tuliingia chumba cha mitambo. Nimefanya kazi katika vyumba vya namna ile nusu ya umri wangu, lakini siku hiyo nilisimama mlangoni kama mgeni. Baridi ya mle ilikuwa tofauti na ya nje. Taa za kabati zote zilikuwa za kijani: njia nzima, njia nzima, njia nzima. Simu ilikuwa ukutani palepale nilipoiacha, na kwenye mkono wake kulikuwa kumefungwa kitambaa chekundu.

Mzee akavua kofia. Akainua simu, akaiweka mbali kidogo na sikio ili nami nisikie.

"Timboroa hapa. Stesheni salama."

Ikapita kama pumzi moja. Halafu ndani ya simu, kwa mkwaruzo, sauti ya mwanamume, mbali sana:

"Timboroa hapa. Stesheni salama."

Nywele zilinisimama, haki.

"Unaona?" Mzee alinong'ona, na ile simu ikanong'ona nyuma yake. Akaiziba kwa kiganja. "Nikicheka, anacheka. Siku ya ukumbusho wa mke wangu nililia hapa, akalia na mimi. Siku moja tu nilimwogopa. Nilimuuliza, 'Uko wapi?' Akaniuliza, 'Uko wapi?' Nikaweka chini, na sijamuuliza tena." Akaninyooshea simu. "Msalimie. Wewe ndiwe ulikuwa mtoto wake wa kazi."

Sikutaka. Niliishika kwa sababu nikikataa ningeonekana mwoga. Ndani kulikuwa na vumi, na katika vumi mtu alikuwa akipumua.

"Kiptoo?" nikasema.

"Kiptoo?" alisema Kiptoo.

Jamani, ilikuwa ni yeye. Sauti nzito, ya taratibu, kila neno limewekwa chini kama yai. Machozi yakanitoka bila kuomba ruhusa. Nilitaka kumwambia kwamba nilikimbia, kwamba sikuchelewa kwa kupenda, na maneno yakanigongana kooni nikakohoa. Yeye naye akakohoa.

Kikohozi hicho nilikifahamu. Ni changu, ninacho tangu utoto, kina mlio wa mwisho kama mlango. Kiptoo hakuwahi kukohoa hivyo. Nikabaki nimeshika simu, nikitazama kile kitambaa chekundu kikining'inia mbele ya macho yangu.

"Mzee. Hiki kitambaa ulikitoa wapi?"

"Ni chako. Ile siku ulikimbia, ufunguo wa gari ulibaki kwa mlango. Kesho yake dereva akaja kuchukua gari. Nikasema siwezi kumpa mtu ufunguo na kitambaa cha Kibet, atakitupa. Nikakifungua, nikakiweka hapa, kwa heshima ya fundi." Akaniangalia. "Nilikosea?"

Nilifungua kabati la tatu, nikapiga magoti, nikamulika tochi nyuma ya nyaya. Ilikuwa pale: kebo fupi ya manjano, yenye mikia miwili, na kibandiko chenye mwandiko wangu mwenyewe. *Ya muda. Kibet.*

Sisi huiita lupu. Ni kitanzi cha kupimia. Ukikichomeka, mkia mmoja unairudishia Timboroa kila inachosema, na wa pili unairudishia Eldoret kila inachosema, ili fundi ajue kama upande wake ni mzima. Niliichomeka mimi siku ile Kiptoo aliponyamaza, na mkono wangu ukafunga kitambaa wenyewe kwa mazoea, halafu nikakimbia. Kwa kawaida mitambo hugundua lupu na kupiga king'ora, maana kila kisanduku kina jina lake na hukataa kusikia jina lake likirudi. Lakini asubuhi hiyo, kwa ajili ya majaribio, tulikuwa tumezima ukaguzi wa majina, mimi na Kiptoo. Basi tangu siku hiyo Timboroa ilikuwa ikisema "niko sawa" na kusikia "niko sawa", ikafurahi. Eldoret vilevile. Na ile kelele ya "kata na wewe!", siku ya waya, iliondoka Timboroa ikazunguka na kurudi Timboroa. Eldoret mezani simu ya stesheni ilikuwepo, lakini siku hizi kila mtu ana simu yake mkononi; hiyo ya mezani nani ataiinua?

Nilikaa chini pale sakafuni. Nitawaambia nililowaza, ingawa si la kujivunia. Niliwaza kwamba kebo yenyewe inaingia mfukoni. Mzee haoni nilichoshika. Barua iko tayari. Nikiichomoa kimya kimya, mitambo itapona, na hakuna mtu duniani atakayejua.

Na Mzee, Mungu amsamehe, akanifungulia mlango kabisa. "Kibet," alisema nyuma yangu, "leta hiyo barua nitie saini. Nimefikiri sana. Labda ni mimi. Labda maiti hawafai kuongeleshwa kwa mitambo. Labda nilimzuia fundi hapa kwa kumwita kila siku, na yeye akiwa njiani ndipo ile habari ya waya ikakosa pa kupita." Alikuwa ameshatoa kalamu mfukoni.

Hapo ndipo nilishindwa. Mtu mwenye kosa anafikiria kulificha, na asiye na kosa anatafuta njia ya kulibeba! Nilisimama nikamwonyesha kebo na kibandiko, nikamweleza yote, pole pole. Alisikiliza kofia ikiwa mkononi.

"Kwa hivyo ni mimi nilikuwa najijibu."

"Ndio, Mzee."

"Siku zote?"

"Siku zote."

"Hata ile siku nililia?"

"Hata hiyo. Nisamehe."

Nje transfoma zilikuwa zikiunguruma. Nilidhani atanitukana, na ningemshukuru. Badala yake akauliza, "Ukichomoa, hataongea tena?"

"Ataongea mtu wa Eldoret. Mtu hai, mwenye damu."

"Ngoja kidogo basi." Akainua simu kwa mikono miwili. "Kwaheri, fundi."

"Kwaheri, fundi," ilisema simu.

Akanitikisia kichwa. Nikachomoa. Taa zote zikawa nyekundu mara moja, na mle simuni vumi likakatika, kikabaki kimya ambacho sijawahi kukisikia kwenye njia yoyote. Nikarudisha nyaya mahali pake, nikawasha ukaguzi wa majina, taa zikarudi kijani moja moja. Kisha nikapiga Eldoret. Ililia, ikalia, ikalia. Mwishowe msichana wa zamu akaipokea.

"Aloo? Nani huyo? Ai, kumbe hii kitu bado inafanya kazi?"

Mzee Gathogo alicheka. Mara ya kwanza siku hiyo. Tukamtuma yule msichana amwite fundi mwenzangu, tukapima kelele ya "kata" mara tano kwenda na mara tano kurudi, na kila mara ilifika. Muda wote huo shamba la Mama Nyokabi lilikuwa chini yetu ndani ya ukungu, na mimi nilikuwa nikifikiria siku zote ambazo haikuwa ikifika.

Saa sita nikaondoka. Barua ya wakubwa niliigeuza, na nyuma yake, juu ya boneti ya pikapu, nikaandika: lupu niliiweka mimi, nikaisahau mimi, Mzee Gathogo hakugusa kitu ila ufunguo wangu. Nikaigeuza tena, nikatia saini pale palipokuwa pakingoja yake. Kitambaa alinirudishia, nikakifunga kwenye ufunguo ingawa sikuwa nimeacha kitu. Ukungu ulinisindikiza mpaka karibu na Burnt Forest. Redio sikuiwasha.

Injinia aliisoma ile karatasi mara mbili, akaigeuza, akaigeuza tena. "Unajua hii ni ya kukumaliza?" akaniuliza. Nikamwambia najua. Haikunimaliza, ila ilinikata miguu: nimekatazwa kugusa mitambo mpaka nitakapopimwa upya, na wamenikalisha kwenye meza ya zamu hapa Eldoret, karibu na simu ya stesheni. Wengine ofisini huiita adhabu. Mzee Gathogo alibaki, na gunia lake akalifungua. Kwa Mama Nyokabi nilienda Jumapili iliyofuata na Jepkorir. Alinisikiliza mpaka mwisho, akanipa jembe, tukalima ule mstari mweusi.

Nilichojifunza katika safari ile ni kidogo, lakini nilikilipia. Tulifundishwa kwamba anayerudia neno amelipokea. Si lazima. Ukitaka kujua kama kuna mtu upande wa pili, usimpe neno la kurudia. Muulize jambo ambalo wewe hulijui. Kwa hiyo siku hizi saa tatu simu inalia, Mzee anasema stesheni salama, nami narudia kwa heshima ya Kiptoo, kisha namuuliza. Ukungu umefika wapi leo? Kwenye lango. Mama Nyokabi amepata ndama? Amepata, mweusi. Naye huniuliza yangu.

Juzi nilimuuliza swali lililokuwa likinisumbua bila sababu. "Mzee, katika miezi yote hiyo, ile sauti iliwahi kukuambia neno ambalo hukusema?"

"Hapana. Neno halikuongezeka hata moja."

Nikashusha pumzi. Kisha akasema, "Ila kuna siku moja lilipungua."

"Siku gani?"

"Asubuhi ya waya, kabla haujaanguka. Niliinua saa tatu kama kawaida. Nikasema, Timboroa hapa, stesheni salama." Nyuma yake nilisikia transfoma za kule zikiunguruma. "Hakurudia. Nikasema tena. Hakurudia."

Mimi ni fundi. Najua lupu ni nini: ni kipande cha waya, inarudisha salamu, inarudisha kikohozi, inarudisha uwongo na kweli sawasawa. Lupu haiwezi kunyamaza. Aliyekuwa akinyamazia uwongo ni mmoja tu.

"Kibet? Uko?"

Nikafanya nilivyofundishwa, neno kwa neno.

"Hakurudia," nikasema.